Nani kasema "organization" ni kosa?

Alikuja jioni, nishaanza kuzima mashine ya fotokopi, ripoti yake ya fildi kaibana kwapani. Kwenye steshenari kama yangu hapa Chake wanafunzi wa vyuo ndo riziki yenyewe, wanakuja na fleshi, tunarekebisha, tunaprinti, tunabaindi, wanaondoka mbio kuwahi gari. Huyu hakutoa fleshi. Aliiweka ripoti juu ya kaunta akaifungua ukurasa wa tatu, akasema, "Dada, hebu nitazamie hapa, mie sielewi nimekosa nini."

Ukurasa umejaa maduara mekundu.

Nikavuta kiti nikaanza kusoma. Duara la mwanzo liko kwenye "recieve". La pili kwenye "organization". La tatu "goverment", halafu "organization" tena na tena, na pembeni msimamizi wake kaandika neno moja tu, "spelling", kalipigia mistari miwili chini kwa nguvu mpaka karatasi imechanika kidogo. Basi, maelezo mengine hakuna. Na chini ya ukurasa huohuo, kwa kuwa ripoti ilikuwa ya chanjo za watoto, yule binti kaandika jina kamili la shirika la afya la dunia, World Health Organization, na pale duara halipo.

Neno lilelile, herufi zilezile, ukurasa mmoja.

"Sasa la juu kosa, la chini si kosa?" akaniuliza.

Tukarekebisha "recieve" na "goverment". Lile jengine nikamwambia we weka s pahala pa z kama anavyotaka mwalimu wako upate alama zako, mengine baadae. Akaweka s, nikamprintia, akalipa akenda zake. Swali akaniachia mie, na wiki zote hizi ninalo, nachapa barua za watu huku nalifikiria, nafunga duka nalifikiria.

## Duara moja kwa makosa ya namna mbili

Kilichoniuma kwanza si z wala s. Ni kwamba maduara yote yalikuwa sawasawa.

"Recieve" ni kosa kila pahala. Ukiandika hivyo London umekosa, New York umekosa, Sydney, Toronto, Nairobi, Chake, kote umekosa, hakuna kamusi itakayokutetea. "Goverment" vilevile, n imedondoka, irudishe. Makosa ya aina hiyo mwanafunzi lazima aambiwe, na aambiwe bila ya kuonewa haya, manake kesho ataomba kazi kwa barua na barua itamuumbua.

"Organization" ni jambo jengine kabisa. Wamarekani wote wanaliandika kwa z, hilo linajulikana. Lakini kamusi kubwa ya Oxford, hiyo ambayo walimu wetu wanaiapia, nayo inaliandika kwa z. Na wala hawakuteleza, ndo msimamo wao wa siku zote, wanasema kiishio kile cha "-ize" asili yake ni Kigiriki na Kigiriki kinaandika z, hii s imepitia Ufaransa. Waingereza wengi leo wanaandika s, serikali yao inaandika s, na s ni sahihi bila ya ubishi wowote. Ila z si mgeni Uingereza. Ilikuwa inaandikwa kule kabla Marekani haijawa nchi.

Na Umoja wa Mataifa, maandishi yao ya Kiingereza yanafata Uingereza, "labour", "centre", "programme", lakini kwa z ya Oxford. Ndo maana lile shirika la kazi la dunia linaitwa International Labour Organization. Litazameni vizuri jina hilo. Mna u ambayo Mmarekani angeitoa, na mna z ambayo yule msimamizi angeizungushia wino. Zote mbili ndani ya jina moja na aliyekosea hakuna.

Nilipolitambua hilo nilisimama nikazunguka chumba.

Manake kuna jambo jengine kwenye ripoti ile nililiona kurasa za mbele na sikulitia maanani. Kulikuwa na "analyze", kwa z, imepita salama, haikuguswa. Na hapo ndipo Oxford wanapotaka s, kwa sababu "analyse" halikujengwa kwa kiishio kile cha Kigiriki, wanaolitia z ni Wamarekani. Yaani neno ambalo kweli limefata mtindo wa Marekani likaachwa, na ambalo Oxford wenyewe wanaliandika hivyohivyo likakamatwa.

Simsemi vibaya msimamizi. Najua wanavyorundikiwa ripoti, najua wanasahihisha usiku, umeme ukikatika wanawasha tochi ya simu. Lakini binti yule kaondoka na fundisho moja kichwani kwamba z ni mbaya, na kalipokea kutoka kwa mtu anaemwamini, na si kweli.

## Laptopu inasema hivi, mwalimu anasema vile

Hapa ntakaa kidogo kwa sababu hii ndo kazi yangu na naiona kila siku.

Laptopu nyingi zinazoletwa kwangu zimewekwa Kiingereza cha Marekani tokea siku ya kununuliwa, na mwenyewe hajui. Mtoto anaandika "colour" kama alivyofundishwa skuli, chini yake unatoka mstari mwekundu. Anaandika "centre", mstari. "Behaviour", mstari. Yeye anachojua ni kuwa mstari mwekundu maana yake umekosa, kwa hivyo anabonyeza, anachagua neno la kwanza analoletewa, mstari unaondoka, roho inatulia. Halafu ripoti inakwenda kwa mwalimu, na mwalimu anatia wekundu wake palepale mashine ilipoutoa.

Kila mmoja kamwambia kakosa, na hakuna hata mmoja aliemwambia kuwa yule mwengine yupo.

Kinachozidisha vurugu ni kukopi na kupesti. Watu wengi hawajui kuwa kipande cha maandishi ukikitoa kwengine kinaweza kuja na lugha yake, kwa hivyo ndani ya ripoti moja aya hii mashine inaihesabu ya Marekani, ya chini yake ya Uingereza, na shukurani za mwanzo zilizoandikwa kwa Kiswahili zimepigwa mistari kuanzia bismillahi mpaka jina la mama. Ndo unakuta "labour" na "labor" kwa mtu mmoja, sura moja, na anaapa wallahi hakuandika hivyo, na ni kweli hakuandika.

Dawa yake ni ndogo sana. Fungua faili, bonyeza Ctrl na A ili uchague maandishi yote, nenda Review, halafu Language, halafu Set Proofing Language, chagua Kiingereza cha United Kingdom, kisha bonyeza Set As Default. Kuanzia hapo "colour" inakaa kwa amani na "color" ndo inayopigwa mstari. Na ukishaiweka hivyo, Word haikusumbui ukiandika "organise" wala ukiandika "organize". Inazikubali zote. Mashine iliyowekwa Uingereza inamwachia mwanafunzi z yake.

Lakini msikimbilie ile dawa nyengine ya haraka. Kuna kijana alizungushiwa z zake kama yule binti, akaja dukani akaomba kompyuta akafanya kazi mwenyewe, akatumia Replace All, kila palipo na "ization" pageuke "isation". Kwa sekunde moja kamaliza. Kumbe kageuza na jina la World Health Organization, kageuza na majina ya makala alizozitaja kwenye marejeo, kageuza na viungo vya intaneti, na kiungo ukikibadilisha herufi moja hakifunguki. Tulikaa mpaka Magharibi tukirudisha moja moja. Alikuwa na hasira mpaka mikono inamtetemeka, si kwa kazi, kwa kuona anajitahidi kutii na kila anapotii anaharibu.

Na simu ndo kabisa. Wengi rasimu ya mwanzo siku hizi wanaiandika kwenye simu, na kibodi ya simu wala haingoji uibonyeze, inageuza yenyewe.

## Walioamua ni watu

Tulivyozoea kulihadithia jambo hili ni kwamba Waingereza walikuwa na maandishi yao sahihi, Wamarekani wakaja wakayaharibu. Haiko hivyo.

Tamthilia za Shakespeare zilipokusanywa zikachapwa London 1623, ndani mlikuwa na "honor" na mlikuwa na "honour", zote mbili. Samuel Johnson alipotoa kamusi yake 1755 alichagua u, kamusi ikapendwa, u ikaganda. Johnson huyohuyo aliandika "musick" na "publick", k mwishoni, na k zile Waingereza wenyewe waliziacha njiani bila ya kumuomba ruhusa.

Upande wa pili yuko Noah Webster, mwalimu wa skuli wa Connecticut. Kitabu chake cha kufundishia watoto kusoma kilitoka 1783, mwaka uleule Uingereza ilipotia saini kuwa Marekani ni nchi huru, na miaka iliyofuata akashika kamba kuwa nchi mpya iwe na tahajia yake. Alitoa kamusi ndogo 1806 na ile kubwa 1828, maneno 70,000, mwenyewe keshafika miaka 70. Akatoa u kwenye "colour", akageuza "centre" ikawa "center", "defence" ikawa "defense", na watu wakamfata. Huyohuyo alitaka "tongue" iandikwe "tung" na "women" iandikwe "wimmen", na hapo hawakumfata. Mbele zaidi, 1906, Rais Theodore Roosevelt aliamuru idara ya uchapaji ya serikali itumie tahajia mpya za maneno 300, ikiwemo "thru" pahala pa "through", Bunge likamkatalia na kabla ya mwaka kwisha akarudi nyuma. Rais mzima wa Marekani kashindwa pale aliposhinda mwalimu wa skuli!

Wala si nyumba mbili tu. Canada wanaandika "colour" kwa u, "organize" kwa z, na tairi la gari "tire" kama jirani yao. Australia wanaandika "labour", lakini chama chao kikubwa cha wafanyakazi jina lake ni Labor, bila ya u, tokea 1912, na Muaustralia hapati tabu kuandika yote mawili katika sentensi moja.

Kwenye sayansi ndo mambo yanatugusa zaidi. Mtoto wa dada yangu yuko form two, daftari lake limeandikwa "sulphur", chupa ya maabara imeandikwa "sulfur". Aliniuliza kama ni kemikali mbili tofauti. Alikuwa anauliza kweli, kwa khofu, manake maabara unaambiwa usichanganye chupa. Jumuiya ya kimataifa ya wanakemia, IUPAC, iliamua 1990 kuwa iandikwe kwa f, na 1992 jumuiya ya wanakemia wa Uingereza, Royal Society of Chemistry, ikakubali. Kwenye ile bati nyeupe IUPAC hao wamepitisha "aluminium" ya Uingereza, japo "aluminum" ya Marekani ilitoka kwenye kalamu ya Muingereza, Humphry Davy, 1812. Kwa hivyo mtoto wa Pemba anaesoma kemia anatakiwa ajue f ya huku na i ya kule, na hakuna aliemwambia.

Nilimwambia mie, kwenye ngazi, akiwa na daftari magotini. Ilichukua muda mdogo kuliko kuchemsha chai.

## Skuli na shule

Hapa ndipo nilipogeuka. Mpaka hapo nilikuwa nalifikiria kama jambo la Kiingereza, la Waingereza na Wamarekani na sisi tuliokaa pembeni tunapigwa na mawimbi yao.

Lakini sisi Wazanzibari jambo hili tunalijua nyumbani.

Sisi tunaandika skuli. Wenzetu wa Bara wanaandika shule. Jamhuri moja, bendera moja, na kwenye mabango ya serikali huku imeandikwa skuli na kule imeandikwa shule, na mtu akihama Tanga akaja Wete hamwambii mtu kakosa. Tunaandika mwengine, wanaandika mwingine. Kila upande una baraza lake la Kiswahili, BAKITA kule, BAKIZA hapa, na BAKIZA ikatoa na kamusi yake 2010. Sasa msahihishaji wa Bara akikuta insha ya mtoto wa Konde imejaa skuli akaizungushia duara jekundu kila ilipotokea, tutanyamaza? Hatutonyamaza, na haki yetu. Kumhukumu mtoto kwa hilo ni sawa na kuutupa mchuzi wa mwenzio kwa kuwa hakuutia nazi.

Na ukishuka chini zaidi kuna sisi wa Pemba. Kiswahili sanifu walipokitengeneza, ile kamati ya nchi nne, Kenya, Uganda, Tanganyika na Zanzibar, iliyoanza kazi 1930, msingi walioushika ni Kiunguja cha mjini. Kimvita cha Mombasa kikawekwa upande, japo kilikuwa na mashairi yake makubwa. Kipemba, Kitumbatu na Kimakunduchi hata kwenye mashindano sijui kama viliingia. Walioamua walikuwa watu, wamekaa mezani, kama Johnson na Webster, na lahaja ya Micheweni haikuwa na kiti pale.

Bibi yangu mzaa mama alikuwa mtu wa Micheweni na akisema "kyakula". Sisi wajukuu tukisema kama yeye. Skuli tukasahihishwa, na sina ugomvi na hilo, mtihani unataka lugha moja na redio inataka lugha moja. Ninachokumbuka ni namna ya kusahihishwa. Kulikuwa na mwalimu akikusikia anakuita mshamba mbele ya darasa zima, watoto wanacheka, unakaa chini uso umewaka. Na kulikuwa na mwalimu mwengine, mwanamke, akisema, "Nyumbani kwenu semeni hivyohivyo msiache, hapa kwenye daftari tunaandika hivi." Sote tuliandika alivyotaka, kwa walimu wote wawili. Lakini wa kwanza tulitoka darasani kwake tunaona haya kwa bibi zetu.

Msimamizi wa yule binti anaweza kuwa yupi kati ya hawa wawili, na wala hajui kama kuna kuchagua.

## Maalim kanipinga

Kuna Maalim mmoja mstaafu, kafundisha Kiingereza miaka mingi hapa Pemba, anakuja kwangu kutoa kopi za karatasi zake za pencheni. Nikamfungulia moyo wangu wote, z, Oxford, Webster, skuli na shule, kopi zake zikapoa kwenye mashine.

Alinisikiliza mpaka mwisho, ana adabu hiyo. Halafu akanambia, "Mwanangu, yote uliyosema kweli. Lakini wewe humfundishi mtoto, mimi nimemfundisha."

Akanieleza. Mtoto wa huku Kiingereza anakikuta darasani tu, akitoka nje ya geti kimekwisha. Nyumbani hakipo, sokoni hakipo, uwanjani hakipo. Kuna watoto wanafika form four na sentensi moja nzima haijasimama. Mtoto kama yule ukimwambia kuna njia mbili, hatojua mbili, atapotea zote. Mpe moja aishike kwa meno. "Ukinitajia Webster," akasema, "mimi nakutajia mtihani wa mwisho, na mtihani haumngoji mtu asome historia."

Sikuwa na jibu la haraka.

Na nakiri kuwa hoja yake imenikaa kuliko nilivyotaka. Kwa siku kadhaa niliona pengine haya yote ni anasa ya mtu mwenye kompyuta na intaneti na usiku wa kukaa bure. Watoto wetu wana shida kubwa zaidi ya z. Wanasoma sayansi kwa lugha ambayo hawajaishika, wanakariri aya nzima wasizozielewa, na mie nalia na herufi.

Lakini nikawa narudi kwa yule mwalimu wetu mwanamke. Hakutupa njia mbili. Alitupa moja, madhubuti, na alikuwa mkali kweli ukiiacha. Tofauti yake ni kuwa hakutudanganya kuhusu ile nyengine. Na uongo huo una gharama, manake mtoto anaeambiwa "color" ni kosa, akikuta kitabu kizuri cha Marekani anakiona kimejaa makosa, au anaona mwalimu wake hajui, na yote mawili ni hasara. Kesho atapata kazi hoteli Kendwa, barua pepe ya mgeni wa Chicago imeandika "favorite" na "traveler", atajibu na wasiwasi gani? Au ataajiriwa na mradi wa Umoja wa Mataifa ambako ataambiwa rudisha z zako.

Maalim alivyokuja tena nikamwambia haya. Alikaa kimya muda mzuri. Kisha akasema, "Kwa chuo nakubaliana na wewe. Kwa form two sikubali."

## Ninachokiomba

Kwa walimu wa vyuo, wengi wenu mnanisoma na baadhi yenu mnaletewa ripoti zilizotoka kwenye printa yangu. Kwenye ile karatasi ya maelekezo mnayowapa wanafunzi kabla ya fildi, ambayo ina saizi ya herufi na nafasi ya mistari na upana wa pambizo, ongezeni sentensi moja tu ya tahajia. Semeni mnataka Uingereza. Semeni mnataka s au z, au mseme achague mwenyewe ila akishachagua asigeuke mpaka ukurasa wa mwisho. Semeni kuwa majina ya watu na mashirika yanabaki kama wenyewe wanavyoyaandika, Labour ya chama cha Uingereza ina u, Labor ya Australia haina, Pearl Harbor ya Hawaii haina, na hakuna ruhusa ya kuzitia wala kuzitoa.

Na kwenye kusahihisha, tafadhalini, "recieve" na "organization" visipate wino mmoja. La mwanzo lizungushieni duara. La pili, kama limevunja maelekezo yenu, lipigieni mstari na muandike pembeni "hapa tunatumia s". Ni maneno matatu. Mwanafunzi akiyasoma anajua kavunja utaratibu wa chuo, hajakosa Kiingereza, na hivyo ni vitu viwili mbalimbali.

Mie upande wangu nimebadilisha mashine zote za dukani kuwa za Uingereza, na mtu akileta ripoti namuuliza kwanza msimamizi wake anataka ipi. Wengi hawajui. Nawarudisha wakaulize, na wengine wananikasirikia kwa sababu gari inaondoka.

Maalim kasema hili la vyuo atawafikishia wanafunzi wake wa zamani ambao sasa ni walimu huko. La form two bado tunavutana. Juzi kaja na hoja mpya, kwamba mtoto mdogo akishajua zipo mbili atamjibu mwalimu mbele ya darasa, na darasa la watoto sitini mwalimu akijibiwa halikaliki tena. Nikamwambia, Maalim, ajibu, na akijibu na kamusi mkononi mpe alama zake.

Hajakubali bado. Kasema atarudi baada ya Ijumaa.